Rosemary Karuga na Karatasi za Sabuni

Ukiuliza vijana hapa Eldoret wakutajie mwanamke mmoja aliyechora Kenya, wengi watasema Joy Adamson. Wanamjua kwa sababu ya simba Elsa, halafu mmoja anakumbuka kwamba ati alikuwa mchoraji pia. Ni kweli. Mzaliwa huyo wa Austria, mke wa Mwingereza, alilipwa na serikali ya kikoloni mwishoni mwa miaka ya 1940 azunguke nchi akichora watu wa makabila mbalimbali na mavazi yao ya jadi. Alichora picha kwa mamia, na nyingi ziko Makumbusho ya Kitaifa, Nairobi.

Wakati huohuo, msichana aliyezaliwa Meru mwaka 1928 alikuwa njiani kwenda Makerere. Rosemary Karuga alisomea sanaa huko kuanzia 1950 hadi 1952, mwanamke wa kwanza katika shule ile. Hakuna aliyemlipa azunguke nchi. Alirudi akashika chaki.

Shule yenyewe ilianzishwa na Mwingereza, Margaret Trowell, aliyesomea Slade kule London. Hakupenda kuwawekea wanafunzi chungu mezani wakinakili. Aliwasimulia tukio kwa maneno, wao wakachora walichokiona kichwani. Pia aliogopa kwamba wakionyeshwa sana picha za Ulaya wangeziiga. Hapo huwa nagawanyika. Nani alimtuma kumlinda Mwafrika asimwone Rembrandt? Lakini ile ya kusimulia kwanza naipenda, labda kwa sababu maneno ndiyo kazi yangu.

Karuga aliolewa, akalea watoto watatu, akafundisha shule miaka zaidi ya thelathini. Wasifu wake mwingi hupita hapo mbio, sentensi moja tu, kisha tunaambiwa kwamba mwaka 1987 "aligunduliwa upya". Kugunduliwa! Utadhani yeye ni chanzo cha Mto Nile.

Mimi ile miaka thelathini ndiyo inanikalia. Niliacha chuo mwaka wa tatu karo iliponishinda, na tangu hapo naandika kwa malipo ya makala moja moja. Shangazi yangu huniuliza, "Bado unaandika?" kwa sauti ile ya kuulizia mgonjwa. Kwa hivyo sina haraka ya kufika kwenye maonyesho ya Karuga. Nataka kujua alikuwa akiona nini Jumapili jioni, madaftari ya wanafunzi yakimngoja asahihishe, na jicho lililofunzwa Makerere likiangalia kuku uani. Jicho haliendi likizo, bana.

Alipostaafu ndipo akarudi kazini kwelikweli. Akawa msanii mkaazi Paa ya Paa, nyumba ya sanaa ya Elimo na Phillda Njau jijini Nairobi. Elimo naye ni wa Makerere. Rangi zilikuwa ghali. Akachukua vilivyopita jikoni: karatasi za sabuni ya Rexona, pakiti za unga. Akazikata vipande vidogo, akabandika kimoja kimoja hadi pakatokea kuku, swala, wanawake kazini, kijiji.

Watu hupenda kusema "sanaa kutoka takataka", wakitabasamu. Mimi neno hilo linanikera. Huyu alikuwa mtu mwenye mafunzo na bajeti ndogo, akapiga hesabu. Kahawia ya pakiti ni udongo tayari, huhitaji kuichanganya. Mimi naishi mji wa mahindi, ambako msimu wa mavuno malori hupanga foleni nje ya maghala ya nafaka, na pakiti nilizokunja na kutupa sina idadi. Sijawahi kuiangalia hata moja kama rangi.

Mwaka 1990 kazi zake zilifika Studio Museum in Harlem, New York, katika maonyesho ya wasanii tisa wa Afrika. Wanaume wanane na yeye. Mmoja wao alikuwa El Anatsui wa Ghana, ambaye baadaye dunia ilimshangilia kwa mapazia yake ya vifuniko vya chupa. Karuga alichora pia picha za toleo la Kifaransa la riwaya ya Amos Tutuola kuhusu mlevi wa mvinyo wa mnazi, kitabu kilichotoka kwa Kiingereza mwaka 1952, mwaka uleule alipomaliza Makerere. Uzeeni alihamia Ireland kwa binti yake. Alifariki Februari 2021, akiwa na miaka 92.

Kolaji zake nimeziona kwenye simu tu. Kijiji kizima kinaenea kwenye kiganja, na kuku ni wadogo kama punje. Nikivuta picha kwa vidole nione karatasi ilipokatwa, inavunjika kuwa vijisanduku vya rangi kabla sijafika kwenye karatasi yenyewe.