Jini wa Bibi: Mwanamume au Mwanamke?

Muhula uliopita klabu yetu ilifanya usiku wa hadithi. Kila mwanachama aliombwa alete kisa kimoja alichosimuliwa nyumbani kwao, akisome kwa Kiswahili, kisha akifasiri kwa Kiingereza kwa ajili ya wenzetu wanaoanza kujifunza. Sisi ni mapacha, na bibi yetu mzaa mama anaishi Maskati, kwa hiyo tulimpigia simu tukamrekodi. Kisa chake kilikuwa kifupi. Hapo zamani huko Pemba palikuwa na jini aliyependa watoto wachanga. Usiku alikuwa akipita nje ya nyumba za watu na kusikiliza. Akisikia kilio cha mtoto, hujua mlango upi wa kuingia. Basi wazee wakawa wanawafunga watoto mvuje mkononi, na jini akiinusa ile harufu huenda zake.

Tulisoma vizuri na tukapigiwa makofi. Katika tafsiri yetu tulimfanya jini mwanamume, wala hatukufikiri mara mbili. Kiingereza kinataka umchague mmoja, nasi tukachagua. Baada ya kusoma, mgeni wetu mmoja, mwanafunzi kutoka Oman ambaye hajui Kiswahili, alituuliza swali dogo: "Huyo ni jinni au ni jinniya?"

Tulitazamana. Tulisikiliza tena sauti ya Bibi kwenye simu, mwanzo hadi mwisho. Jini alipita, jini alisikiliza, jini aliingia, jini alikwenda zake. Hakuna popote Bibi aliposema ni mwanamume, wala hakuna popote aliposema ni mwanamke. Kiswahili hakikumlazimisha aseme. Ile "a" ya "alipita" ni ya kila mtu.

Swali hilo ndilo lililotufanya tuandike makala haya.

Tuanze na neno lenyewe. Kwa Kiarabu jamii nzima ya viumbe hao huitwa jinn. Mmoja wa kiume ni jinni, na wa kike ni jinniya. Mzizi wake ni herufi tatu, j-n-n, na maana yake ni kufunika au kusitiri: jini ni kile kisichoonekana. Katika mzizi huo huo limo neno majnun, mtu ambaye akili yake imefunikwa, nasi tunalo katika Kiswahili kama majinuni. Limo janna, bustani ambayo miti yake imeifunika ardhi. Limo pia janin, mtoto ambaye bado yumo tumboni. Tulipoliona hilo la mwisho tuliliandika tu daftarini tukaendelea. Tulilikumbuka baadaye.

Wasimuliaji wa Arabuni wana majini wengi wa kike, na kila mmoja ana jina lake. Yuko ghul, anayewapoteza wasafiri jangwani. Katika Kiarabu neno ghul huchukuliwa kama la kike, na inasemwa kwamba ghul anaweza kujigeuza umbo lolote isipokuwa miguu, ambayo hubaki kwato za punda. Yuko si'lat, ambaye al-Jahiz, mwandishi wa Basra wa karne ya 9, amemtaja katika Kitab al-Hayawan, yaani Kitabu cha Wanyama. Bwana mmoja aitwaye Amr ibn Yarbu alimwoa si'lat, akaonywa kwamba mke huyo atakaa naye muda wote ambao hatauona umeme wa mvua ukimulika upande wa kwao. Kila umeme ulipomulika, Amr alimfunika uso. Wakazaa watoto. Usiku mmoja akasahau kumfunika. Mke akauona umeme, akapanda ngamia, akaenda zake, na watoto wakabaki kwa baba yao. Al-Jahiz mwenyewe hakuwa mwepesi wa kuamini mambo ya majini. Alieleza kwamba mtu akikaa peke yake nyikani muda mrefu, kitu kidogo humwonekea kikubwa.

Katika Falme za Kiarabu na Oman yuko Umm al-Duwais. Ni mwanamke mzuri anayenukia manukato, huwatokea wanaume usiku, na ana mundu na miguu ya punda. Wasomaji waliokulia Mombasa au Dar es Salaam watasema huyu wanamjua: yule dada mrembo aliyevaa buibui, dereva anampa lifti usiku, kisha akitupa macho chini anaona kwato. Hata Balqis, Malkia wa Saba, hakusalimika. Wasimuliaji walidai kwamba mama yake alikuwa jinniya na kwamba miguu yake ilikuwa kama ya punda, wakasema Nabii Suleiman alijenga sakafu ya vioo ili aione.

Tulipowaweka wote pamoja, tuliona kwamba karibu kila mmoja wao ama anamtega mwanamume ama ni mama wa mtoto fulani. Wengi pia huitwa Umm, yaani mama, ingawa katika majina ya namna hii neno hilo huweza kuwa na maana ya "mwenye" tu. Umm al-Duwais ni mwenye mundu mdogo. Tulifurahia sana ugunduzi wetu, tukadhani makala yamekwisha.

Kisha tukaenda Maskati likizo ya kiangazi.

Dada yetu mkubwa ameolewa huko na alikuwa amejifungua mtoto wa kike, mtoto wake wa kwanza na kitukuu wa kwanza wa Bibi. Nyumba ilijaa wageni, ubani na vyombo vya chakula. Bibi alipika uji wa pilipili manga wa mzazi kila asubuhi. Aliandaa mvuje, akaufunga katika kitambaa kidogo cheusi kwa ajili ya mkono wa mtoto. Lakini hakuingia chumbani. Uji alimpa Mama aupeleke. Mvuje alitupa sisi. Alisimama mlangoni, akauliza mtoto amelalaje, akarudi jikoni. Siku ya nne dada yetu alilia. "Bibi hampendi mwanangu," alisema.

Sisi tulidhani ni magoti yake, au labda ni desturi ya arubaini ambayo hatukuijua. Mdogo wake Bibi ndiye aliyetuambia, tukiwa tunaosha vyombo, kwa sauti ya chini. "Bibi yenu hashiki watoto wachanga. Aliambiwa ana subiani."

Kabla Mama yetu hajazaliwa, Bibi alizaa watoto watatu huko Pemba, kati ya mwaka 1969 na 1974. Hakuna aliyefika miezi minane. Sisi hatukuwahi kuwasikia. Mama alikuwa akijua habari za mmoja tu. Wa pili alipofariki, watu walianza kunong'ona. Wa tatu alipofariki, walisema waziwazi kwamba Bibi ana subiani, na kwamba subiani huyo huwaonea wivu watoto. Bibi alinyweshwa makombe, alivalishwa hirizi, alifukizwa. Akienda nyumba yenye mtoto, mtoto alipelekwa chumba cha ndani. Mwishowe aliacha kwenda. Mwaka 1975 yeye na Babu walihamia Maskati, Mama akazaliwa mwaka uliofuata akawa hai, lakini Bibi hakurudi tena kushika mtoto wa mtu mwingine.

Usiku ule tulilitafuta lile neno. Subiani limetokana na Kiarabu, umm al-sibyan. Sibyan ni watoto, na umm ni mama. Huyo ni jinniya anayeogopwa katika nchi nyingi za Waarabu kwa kuwadhuru watoto wachanga. Kuna kisa mashuhuri kwamba Nabii Suleiman alikutana naye akiwa kikongwe mwenye nywele timtim, akambana mpaka akatoa ahadi saba za kutowadhuru watoto, na watu huziandika ahadi hizo katika hirizi mpaka leo. Katika vitabu vya zamani vya tiba vya Kiarabu jina hilo hilo pia ni la ugonjwa: kifafa cha watoto wadogo, mtoto anapokakamaa na macho kugeuka juu. Kwetu huitwa degedege, na wengi wetu tumesikia wazee wakisema kwamba ni dege aliyempitia mtoto. Siku hizi madaktari wanatuambia kwamba mara nyingi ni homa kali, na malaria ni mojawapo ya sababu zake kubwa. Zanzibar ilikuwa na mpango wa kutokomeza malaria uliosimamishwa mwaka 1968, na baada ya hapo malaria ilirudi kwa nguvu. Mtoto wa kwanza wa Bibi alizaliwa mwaka mmoja baadaye.

Hatuwezi kusema watoto wale walikufa kwa nini. Hatukuwepo, na hakuna cheti. Lakini tuliona kitu katika lile neno. Lilipovuka bahari kuja pwani yetu, liliacha "mama" nyuma. Kwa Kiarabu ni mama wa watoto. Kwa Kiswahili imebaki "watoto" tu, na "a" yetu isiyojua mume wala mke. Tungetarajia kwamba Kiswahili, kwa kuwa hakikumfanya jini huyo mwanamke, kingewapunguzia wanawake mzigo. Haikuwa hivyo. Jini alipokosa kuwa mwanamke, mwanamke alitafutwa katika nyumba, akapatikana. Hakuna aliyesema kwamba Babu ana subiani.

Asubuhi tulikwenda kwa Bibi na daftari letu. Tulimwambia yote: mzizi, umm al-sibyan, vitabu vya tiba, degedege. Bibi anajua Kiarabu cha Maskati vizuri, na jina la Umm al-Sibyan alikuwa amelisikia kwa majirani zake kwa miaka hamsini. Alitusikiliza huku akichambua mchele.

"Huyo ni mwengine," alisema. "Huyo ni Mwarabu wa huku. Subiani wa kwetu ni wa kwetu."

"Bibi, ni neno moja."

"Neno moja, sawa. Nyie mmesoma, wanangu. Mimi nimezika."

Hatukuwa na la kujibu. Mmoja wetu alifunga daftari. Tunakiri hapa, mbele ya walimu wetu, kwamba tulikwenda tukidhani maelezo ya neno yatamfungua Bibi kama ufunguo, na yeye alikuwa na haki ya kuukataa ufunguo huo. Yeye hakuwa akihifadhi imani ya zamani kwa kukosa elimu. Alikuwa akijilinda asishike tena kitu ambacho kingeweza kufa mikononi mwake, huku macho ya watu yakimtazama yeye.

Tulikaa tukamsaidia mchele. Baada ya muda alianza kusema mwenyewe. Alitutajia majina ya wale watoto watatu, mmoja mmoja, na kwa kila mmoja jambo moja: huyu alikuwa na nywele nyingi, huyu hakupenda kufunikwa, huyu alikuwa akicheka usingizini. Alituambia kwamba Babu hakumwacha, ingawa mama mkwe wake alitaka. Tulimwuliza kama tunaweza kuandika. Alisema tuandike, lakini majina tuyaache, na tumeyaacha.

Ndipo tukakumbuka swali la yule mgeni. "Bibi, yule jini uliyetusimulia kwenye simu, ni mwanamume au mwanamke?"

Alitutazama kama tumeuliza rangi ya upepo. "Jini ni jini," alisema. "Mimi ndiye niliyekuwa mwanamke."

Jioni ile hatukumlazimisha lolote. Dada yetu, ambaye Mama alikuwa amekwisha mwelezea, alitoka chumbani na mtoto akaja kuketi sebuleni karibu na Bibi. Walikaa hivyo muda mrefu, wakizungumza habari za maziwa na usingizi. Mtoto alianza kulia. Dada alijaribu kumbembeleza, hakunyamaza. Bibi alikiangalia kile kitambaa cha mvuje mkononi mwa mtoto, akakikaza kidogo fundo lake.

"Nipakatishe," alimwambia dada. "Lakini ukae hapa hapa."

Dada alimweka mtoto mapajani pa Bibi na kukaa hapo hapo. Sisi tulikaa pia, na Mama, na mdogo wake Bibi. Hakuna aliyeondoka mpaka mtoto alipolala.

Tafsiri yetu ya usiku wa hadithi bado iko katika kabati la klabu. Tumeisahihisha. Pale tulipomfanya jini mwanamume tumefuta, tukaandika jini, jini, jini, kila mahali, ingawa Kiingereza chake hakisomeki vizuri. Wenzetu wakiuliza kwa nini, tutawaeleza.