Mama wa Rutshuru atembelea kijiji kisicho na wakaaji

Mama mmoja mwenyeji wa Rutshuru, Kivu ya Kaskazini, ambaye sasa anaishi New Zealand, aliomba ruhusa kazini ya siku moja ili atembee Matamata na mwanawe. Huko ndiko zilikopigwa picha za kijiji katika filamu za The Lord of the Rings na The Hobbit. Basi la watalii liliwatoa Auckland asubuhi, mwendo wa saa mbili hivi.

Mwongozaji aliwaeleza kwamba hapo ni shamba la kondoo la familia ya Alexander. Mwaka 1998 watu wa filamu waliliona kutoka angani, kisha jeshi la nchi likasaidia kutengeneza barabara. Leo kuna vijumba zaidi ya 40 kwenye vilima, vyenye milango ya duara, bustani za mboga na nguo zilizoanikwa kambani. Lakini milango mingi haina nyumba nyuma yake. Hata mti mkubwa wa juu ya kilima ni wa kutengenezwa.

Mtoto, aliyezaliwa kambini Uganda, alitazama zile nguo kambani, akauliza: "Mama, wenyewe walikimbia?"

"Hapana, mwanangu. Hapa hakuna aliyewahi kuishi."

Wakati wa kurudi, mtoto alitaka kujua mlango wa nyumba yao ya Rutshuru ulikuwa wa rangi gani. Mama akaanza kumweleza mlango, jiko, mparachichi, majirani. Basi lilifika Auckland hajamaliza.