Nyumba Imeshikwa au Imewekwa Tu?

Tunduma inajengwa upesi. Malori yanayosubiri kuvuka kwenda Nakonde yanaleta fedha, na fedha inaleta nyumba. Sisi mafrateri tukitembelea jumuiya ndogondogo tunaonyeshwa bati jipya, vigae, geti. Msingi hatuonyeshwi. Mwinjili Luka anasema mjenzi yule alichimba chini sana, nasi tunalihubiri hilo bila kuinama kutazama nyumba za wanaotusikiliza.

Nyumba nyingi za Songwe ni za matofali ya kuchoma juu ya mawe, na mara nyingi kinachounganisha ukuta na msingi ni udongo tu. Ukuta unasimama kwa uzito wake. Lakini tunaishi kwenye Bonde la Ufa. Desemba 13, 1910 tetemeko la ukubwa wa takriban 7.4 lilipiga Rukwa, majirani zetu. Septemba 10, 2016 lile la Kagera, la 5.9, liliangusha nyumba nyingi za matofali na kuua watu zaidi ya 15. Ardhi ikivutwa kando, ukuta usiofungwa unabaki nyuma.

Fundi mmoja wa hapa alitufundisha kukagua kwa spoku ya baiskeli. Unaichomeka pale ukuta unapokutana na msingi. Ikizama bila kupingwa, hapo hakuna kinachoshika. Kisha unatazama nyufa. Ufa wa mshazari kwenye pembe ya dirisha mara nyingi husema upande mmoja umetitia. Ufa wa kulala unaofuata mstari wa msingi unatisha zaidi. Piga alama ya penseli kila mwisho wa ufa, andika tarehe, rudi baada ya mwezi. Na anayejenga sasa aone kwa macho yake nondo za nguzo zimefungwa kwenye msingi kabla zege halijamwagwa. Baadaye hataona kitu.

Kwa katekista wa kigango kimoja spoku ilizama yote. Jumuiya ilikuwa imechanga fedha za rangi, kwa ajili ya sikukuu ya somo wa kigango.

"Mafrateri, wageni wataangalia ukuta, hawataangalia chini," mzee alituambia. Tulimwelewa, aibu mbele ya wageni si jambo dogo.

Bibi mmoja wa jumuiya akamjibu: "Wanaolala humo ni wajukuu zako, siyo wageni."

Fedha ya rangi ikanunua saruji, nondo na kokoto. Fundi alichimba vipande vifupi, pembe kwanza, maana ukifukua upande mzima kwa mara moja ukuta unakosa pa kuegemea. Akachimba pia mfereji wa kupeleka mbali maji ya bati, yaliyokuwa yakila udongo chini ya mawe.

Sikukuu ilifika pembe mbili tu zikiwa tayari. Wageni walikula uani, kati ya kifusi na mchanga.