Shule iliyofunguliwa tena Berlin

Katikati ya jiji la Berlin, juu ya mlango wa shule moja iliyopo Große Hamburger Straße, bado yanasomeka maneno ya Kijerumani: shule ya wavulana ya jumuiya ya Wayahudi. Jengo hilo ni la mwaka 1906. Novemba 1938 watoto wa Kiyahudi walifukuzwa shule za serikali. Wakabaki na shule zao tu. Mwaka 1942 Wanazi wakazifunga nazo. Nyumba ya wazee iliyokuwa jirani ikageuzwa kituo cha kukusanyia watu waliopelekwa kambini.

Shule ilifunguliwa tena 1993. Sasa husoma wasichana kwa wavulana, Wayahudi na wasio Wayahudi. Polisi hulinda lango, na wazazi huwaaga watoto wao hapo hapo.