Siku 17 nilizomcheleweshea mathe kortini

Wasee, hii stori nimeikalia kitambo. Wengi wenu mnajua niliacha chuo. Chenye hamjui ni kwamba karibu nimpotezee mathe kesi yake msimu huo huo.

Mathe aligongwa na gari akivuka barabara, mguu ukavunjika. Akashtaki. Hana barua pepe, kwa hivyo wakili akapewa yangu. Hakimu akaitupa kesi, akasema haijathibitishwa kuwa dereva ndiye alikosea. Wakili akanitumia hukumu na mstari mmoja: mkitaka kukata rufaa, mna siku 30.

Sikuifungua. Wakati huo barua pepe yangu ilijaa mambo ya karo na nilikuwa nimeapa siangalii tena. Wakili akapiga simu, sikushika. Namba ngeni nilijua ni wale wa kudai mikopo ya simu. Kila Jumapili mathe ananiuliza, "Wakili amesema nini?" Namjibu, "Bado, mama."

Siku ya 47 ndio niliifungua. Mikono ilitetemeka, si uongo.

Sheria yenyewe iko hivi. Kifungu cha 79G cha Sheria ya Mwenendo wa Kesi za Madai kinakupa siku 30 kutoka kwa hakimu kwenda Mahakama Kuu. Ule muda korti ya chini itathibitisha kwamba iliutumia kukuandalia nakala ya amri yake, hauhesabiwi. Ukipitisha hapo, jaji bado anaweza kukubali rufaa yako, lakini lazima umpe sababu nzuri na ya kutosha. Ukitoka Mahakama Kuu kwenda Mahakama ya Rufaa ni moto zaidi: notisi ya rufaa inatakiwa ndani ya siku 14.

Binamu yangu akaniambia, "Si useme mathe alilazwa? Kuna msee tao anatengeneza karatasi za hospitali." Nitakuwa mkweli, nilifikiria.

Wakili alikataa kabla nimalize sentensi. Akasema hati ya kiapo ni kiapo, ukidanganya humo ni kosa la jinai. Halafu akanieleza vitu majaji huangalia, vile Mahakama ya Rufaa ilivitaja kwenye kesi ya Leo Sila Mutiso mwaka 1999. Umechelewa kwa muda gani? Kwa nini? Rufaa yako ina uwezekano wa kufaulu? Na upande wa pili utaumia kiasi gani ukiruhusiwa? Mwaka 2014, kwenye kesi ya Nicholas Salat, Mahakama ya Juu ikaongeza kwamba kupewa muda zaidi si haki yako ya moja kwa moja. Ni wewe uliyechelewa unayefaa kujieleza.

Nikamuuliza, na Katiba? Si kifungu cha 159 kinasema haki isizuiwe na mambo ya kiufundi? Akacheka. Akasema kila mtu aliyechelewa hukimbilia hicho kifungu, lakini hakifuti tarehe. Hata dereva ana haki ya kujua kesi imeisha, alale.

Sasa shida ikawa hii: ukweli ulipitia kwangu. Niliapa kiapo changu kueleza kwa nini sikufungua ile barua. Na huwezi kueleza barua za karo bila kusema uliacha chuo. Mathe hakuwa anajua.

Aliisoma ofisini kwa wakili, miwani imeshuka puani. Akarudia ukurasa wa pili. Nikangoja matusi. Akauliza tu, "Kumbe hata shule uliacha?" Nikasema ndiyo, mama. Akatia sahihi kiapo chake, akashika mkongojo, tukatoka. Ndani ya matatu hatukuongea mpaka nyumbani.

Jaji alitukubalia. Alisema siku 17 si nyingi, sababu imeelezwa bila kufichwa, na ushahidi wa ajali unafaa kusikizwa. Upande wa pili angewatuliza kwa gharama. Tukapewa siku 14 kuwasilisha rufaa, na tuwalipe shilingi elfu kumi. Hiyo elfu kumi ilitoka kwa pesa yangu ya video, na ilistahili.

Kukubaliwa si kushinda. Rufaa yenyewe bado inasubiri, na tunaweza kushindwa tena. Pia najua tungekuja baada ya mwaka mzima na sababu ile ile, pengine tungefukuzwa.

Kama mzazi wako ametumia namba yako au barua pepe yako kwa kesi, kwa ardhi, kwa chochote, hiyo si yako peke yako tena. Ifungue leo. Na kama umeshachelewa, usikae nayo ndiyo uchelewe zaidi. Tafuta wakili kesho asubuhi, umwambie vile ilikuwa.

Mathe bado ananiuliza kila Jumapili. Siku hizi namwonyesha simu.