Mpinzani wa Chama Gani?

Kwetu vijana wa Arua wa miaka ya 1970, mpinzani alikuwa mtu wa kona ya pili. Ulimjua kwa uzito wake, kwa mkono anaoutanguliza, kwa jinsi anavyohema raundi ya tatu ikifika. Katika siasa hapakuwa na mtu wa jina hilo. Vyama vilizimwa mwaka 1971, Idi Amin alipompindua Milton Obote, na aliyethubutu kumpinga mkubwa alipewa majina mengine, mabaya zaidi.

Mimi ni Mkakwa wa Koboko. Baba alinipeleka Arua, kilomita hamsini na kitu upande wa kusini, nikasome huku nikikaa kwa shangazi yangu mtaa wa Oli. Huko ndiko nilikokutana na ngumi. West Nile, mkoa wetu, ilikuwa imetoa askari tangu enzi za KAR, jeshi la kikoloni la Waingereza, na KAR ilipenda mabondia. Amin mwenyewe, kabla ya kuwa kitu kingine chochote, alikuwa bingwa wa ngumi wa Uganda kuanzia 1951 hadi 1960. Halafu kulikuwa na akina Eridadi Mukwanga na Leo Rwabwogo, waliorudi na medali za Olimpiki kutoka Mexico mwaka 1968. Kijana wa Arua aliyevaa glavu hakuhitaji kueleza anatafuta nini.

Kocha wetu alikuwa mstaafu wa KAR tuliyemwita Sajini. Pale mazoezini tulikuwa Walugbara, Wakakwa, Wamadi, Waaringa na Wanubi, kwa hiyo alitufundisha kwa Kiswahili, kile cha jeshi kisichojali ngeli. Neno moja alilipiga marufuku: adui. Kijana akisema "adui yangu wa Jumamosi," Sajini alimkimbiza uwanja mzima. "Adui iko vita," alisema. "Hapa iko mpinzani. Kama mpinzani hakuja, wewe unapigana na nani? Na kivuli?"

Mpinzani wangu alikuwa Mlugbara wa Mvara. Jina lake silitaji, maana yu hai na hapendi kuandikwa. Tulipigana mara nyingi, lakini linalozungumzwa hadi leo ni pambano la 1978. Mimi nasema nilishinda kwa pointi. Yeye anasema refa alikuwa mjomba wangu. Refa kweli alikuwa mjomba wangu, ila wa mbali.

Shuleni nako neno lilitupitia. Amin alikuwa ametangaza Kiswahili kuwa lugha ya taifa mwaka 1973, ingawa walimu wa kukifundisha walikuwa haba. Sisi tulimpata mmoja aliyewahi kuishi Kenya, mtu mwembamba, mpenda sarufi. Siku moja aliandika ubaoni "mpinga" na "mpinzani", akauliza tofauti. Tukakaa kimya. Akasema mpinga anaweza kupinga peke yake chumbani mwake, mlango umefungwa. Mpinzani hawezi. Ndani ya neno lake mna kutendana, kama mshindani na kushindana. Mmoja akiondoka, hata yule aliyebaki si mpinzani tena. Halafu, kwa kuwa alikuwa amechangamka, akaendelea na jamaa za neno hilo: mbishi, mchokozi, mkaidi. Alipofika kwenye mkaidi akatupa methali: mkaidi hafaidi mpaka siku ya Idi. Darasa likaangua kicheko. Mwalimu alichelewa kuelewa tunachocheka. Alipoelewa alichukua kifutio, akaifuta methali, akafuta na ubao wote, na mpaka mwisho wa muhula hatukusikia methali nyingine.

Watu wa mbali hudhani West Nile nzima ilikuwa ya Amin, kwamba sisi tulikula naye na tukacheka naye. Wangekaa Arua Machi 1974 wangesema mengine. Mwezi huo Luteni Kanali Michael Ondoga, Mlugbara aliyekuwa ametoka tu kuondolewa uwaziri wa mambo ya nje, aliokotwa maiti katika Mto Nile. Kabla mwezi haujaisha, Brigedia Charles Arube, Mkakwa kama Amin, akaongoza maasi Kampala. Yakashindwa, naye akafa. Nilikuwa mdogo, lakini nakumbuka jinsi wazee walivyozungumza. Hawakusema wapinzani. Walisema "wale waliochoka", na sauti zilishuka hata pale ambapo wasikilizaji wote walikuwa ndugu wa damu.

Kampala ilianguka Aprili 1979. Mwanzoni mwa Juni Watanzania walikuwa wamefika mpaka wa Sudan, juu ya Koboko. Tuliwaogopa kabla hawajaja, na walipokuja tulishangaa, kwa sababu walisema "samahani mzee" na "naomba maji". Kiswahili chao kilikuwa kirefu, kina ngeli zote. Mmoja wao, kijana wa Iringa, alizoea kuja kutazama mazoezi yetu. Nilimuuliza kwao mpinzani wa serikali huitwaje. Alifikiri, akasema kwao kuna chama kimoja, kwa hiyo kuna "wapinga maendeleo" na "wapinga mapinduzi", lakini wapinzani wako kwenye mpira: Simba na Yanga. Nikamkumbuka mwalimu wetu.

Mwaka 1980 vyama vilirudi. UPC, DP, UPM, CP, herufi zikajaa kwenye kuta, na uchaguzi ukapangwa mwezi wa Desemba. Hapo ndipo neno letu lilipohama ulingoni. Mpinzani akawa mtu wa chama kingine. Bado ingekuwa sawa, kama Sajini angekuwa ndiye mwenye vizuizi vya barabarani.

Mwenye vizuizi hakuwa Sajini. Walikuwa askari wa jeshi jipya, wengi wakiwa na kisasi cha ndugu waliouawa na utawala wa Amin, na kwao kila mtu wa huku alikuwa Amin mdogo. Siku moja, kabla Oktoba haijafika, mimi na yule wa Mvara tulikuwa tunakwenda Koboko kumwona baba aliyekuwa anaumwa. Lori lilisimamishwa. Tukashushwa.

"Wewe, kuja hapa. Kitambulisho iko wapi?"

Nikatoa karatasi za shule. Askari akamgeukia mwenzangu, kisha akanitazama mimi. Mmoja mrefu mweusi, mwingine mfupi, lugha za nyumbani mbili tofauti.

"Huyu ni nani yako?"

Mwenzangu alinitangulia kujibu. Alikuwa na hofu, na mtu mwenye hofu husema alilolizoea. "Mpinzani wangu, afande."

Askari alitabasamu vibaya. "Mpinzani? Ya chama gani?"

Abiria wengine walianza kujisogeza pembeni, taratibu, kama watu wanaotafuta kivuli. Mwenzangu akasema ngumi, afande, ni ngumi. Askari hakuamini, au alipenda kutoamini. Alitulazimisha kuvua mashati, akasema kama ni ngumi basi tuzione. Tulipigana pale barabarani, bila glavu, kwenye vumbi jekundu, mitutu ya bunduki ikiwa kamba za ulingo. Kila tulipopunguza nguvu tulipigwa kitako cha bunduki. Nilimpasua mdomo. Alinivunja jino. Hakukuwa na kengele. Liliisha pale gari la mkubwa mmoja wao lilipotokea na wote wakakimbilia kupiga saluti. Dereva wa lori, Mungu amlaze pema, alituita kwa mkono, tukapanda, akaondoka kabla hajaruhusiwa.

Pambano hilo hatujawahi kubishana nani alishinda. Tunabishana la 1978 tu.

Mwezi wa Oktoba waliokuwa askari wa Amin walivuka kutoka Sudan, wakaingia Koboko, wakafika Arua. Hawakukaa. Jeshi la serikali liliporudi lilikuja na hasira ambayo haikutafuta askari. Ilitafuta nyumba, ghala la mtama, mama mwenye mtoto mgongoni. Watu walikimbia kwa mamia ya maelfu, Zaire na Sudan. Wa Koboko wengi walipandia Kaya, Sudan. Sisi tulivuka upande wa Aru, Zaire, tukaishia Ariwara. Uchaguzi wa Desemba ulifanyika, Obote akarudi madarakani, na mpiga kura wa Koboko alikuwa amelala chini ya mti katika nchi ya Mobutu. Msituni kulikuwa na waasi, UNRF ya Moses Ali na FUNA ya Isaac Lumago. Redio ya Kampala ilipowataja iliwaita majambazi. Sisi tusiokuwa na hata panga tulijumlishwa nao.

Tarehe 24 Juni 1981 ilikuwa Jumatano. Watu walikuwa wamejaa katika misheni ya Wakatoliki ya Ombaci, nje kidogo ya Arua, wakiamini kwamba kwenye kanisa bunduki hunyamaza. Wapiganaji walikuwa wamepita eneo hilo, askari wa UNLA, jeshi la serikali, wakawafuata, wakawakosa, wakawageukia waliokuwamo misheni. Waliuawa makumi ya watu, watoto wakiwamo. Habari ilitufikia Ariwara kwa miguu, kupitia mwanamke mmoja aliyekuja na ndoo tupu kichwani. Hakuitua hata alipokaa.

Usiku wa kesho yake huko Houston, Marekani, Ayub Kalule, Mganda aliyekuwa na makao Denmark, alikuwa akiutetea mkanda wake wa WBA. Kalule hakuwa amewahi kupigwa. Mpinzani alikuwa Sugar Ray Leonard, na Leonard alimmaliza raundi ya 9. Tulikuwa na redio moja ya betri katika kambi nzima, na habari hizo mbili, ya Ombaci na ya Kalule, zilitukuta katika juma lile lile. Mtangazaji wa Idhaa ya Kiswahili alimwita Leonard mpinzani. Nilimtazama yule wa Mvara, aliyekuwa na shangazi Ombaci ambaye hatukujua kama yu hai. Alisimama akaenda nje. Shangazi alionekana baada ya miezi miwili, mguu mmoja umekauka. Sajini hakuonekana tena, na sikuwahi kumpata mtu aliyenieleza alikopotelea.

Miaka ya Zaire naipitia haraka. Tulilima mihogo ya watu, tukauza samaki wakavu, nikaoa. Tulirudi baada ya Museveni kuchukua nchi mwaka 1986. Moses Ali naye alirudi, akawa waziri, na miaka mingi baadaye nilimsikia kijana wa Arua akiuliza kama ni kweli mzee yule aliwahi kuwa mwasi. Kundi la pili, UNRF II la Ali Bamuze, lilitia saini mapatano na serikali huko Yumbe siku moja kabla ya Krismasi ya 2002.

Kwa muda mrefu chini ya Museveni vyama viliruhusiwa kuwa na jina na ofisi tu, vikakatazwa kushindana. Mwaka 2005 kura ya maoni ilivirudisha, na bunge la 2006 likawa na cheo ambacho mwaka 1980 kingetuchekesha kama tungekuwa na meno yote: Kiongozi wa Upinzani. Ana ofisi, ana mshahara, ana gari la serikali. Nilimwandikia yule wa Mvara ujumbe wa simu: neno letu limepata dereva. Akajibu kwamba anangoja aone kama litafika Arua.

Lilifika Agosti 2018. Mbunge wetu Ibrahim Abiriga, yule aliyevaa njano ya chama tawala tangu kofia hadi viatu, alikuwa ameuawa kwa risasi mwezi wa Juni, na uchaguzi mdogo uliitishwa. Kassiano Wadri, aliyewahi kuwa mnadhimu wa upinzani bungeni, akagombea kama mgombea binafsi. Mji ulijaa vijana kutoka Kampala pamoja na Bobi Wine, mwanamuziki aliyekuwa mbunge. Siku ya kufunga kampeni, tarehe 13, ghasia zikazuka, na dereva wa Bobi Wine, Yasin Kawuma, akapigwa risasi ndani ya gari, akafa. Wadri na wabunge kadhaa walikamatwa. Wadri alishinda kiti akiwa mahabusu. Niliwasikia vijana wa Oli wakipiga kelele usiku, "Sisi wapinzani!", kwa fahari kabisa. Wapo waliozaliwa miaka ishirini baada ya Ombaci. Nilifurahi kuwasikia, na nilikaa sebuleni na viatu miguuni hadi asubuhi.

Sasa Kiswahili kinarudi madarasani Uganda, na wajukuu zangu wanakuja na daftari wakiniuliza kinyume cha "mtawala". Mwalimu wao ameandika "mpinzani". Kwa sarufi ya yule mwalimu wetu mwembamba jibu hilo ni la kukosa: kinyume cha mtawala ni mtawaliwa, na mpinzani ni mtu mwenye haki ya kuwa mtawala kesho. Nimewaambia wajukuu wamwandikie mwalimu hivyo, kwa adabu.

Na kwa walimu wa Arua na Koboko nina ombi moja. Mkifika kwenye neno hili, wapelekeni watoto Ombaci, wasimame kwenye kaburi la pamoja, muwaambie waliolala pale waliitwa nani na askari siku ile, na kwamba wengi wao hawakuwa wa chama chochote. Kutoka mjini ni mwendo mfupi, hata kwa miguu, na wapo wazee huko ambao watawasimulia wakiulizwa. Lakini msichelewe, maana tumebaki wachache.