Mazimwi ya Majini: Kutoka Bahari ya Wagiriki Hata Pwani ya Lweba

Msafiri atokaye Uvira kwenda Baraka kwa barabara ya taifa nambari 5 huwa na milima upande wa kuume na Ziwa Tanganyika upande wa kushoto. Njiani, katika nchi ya Wabembe, hukikuta kijiji cha Lweba. Ni mahali pa wavuvi na wakulima, pa mihogo na michikichi, pa nyavu zilizoanikwa mchangani. Asubuhi jua huchomoza juu ya milima ya Burundi, ng'ambo ya ziwa, na maji hutulia kama mafuta chunguni. Mgeni ayaonaye hivyo hawezi kusadiki ya kwamba maji haya yanaogopwa.

Lakini yanaogopwa, tena kwa haki. Ziwa hili lina urefu wa kilomita 670 hivi, na kina chake hufika meta 1,470. Katika maziwa yote ya ulimwengu, moja tu, Baikal la Urusi, limelipita kwa kina. Penye maji mengi namna hii hapakosi hadithi. Jioni, wavuvi wakingoja giza lishuke wawashe taa za kuvulia ndagala, tulisikia habari za Mamba Muntu, yaani kiumbe nusu mtu, nusu mnyama wa majini. Nasi tuliosomeshwa habari za Wagiriki wa kale tuliona ya kuwa mazimwi yao na haya ya kwetu ni ndugu. Tumeona vema tuyapime pamoja, maana katika jambo moja yanatofautiana, na tofauti hiyo si ndogo.

Homer, mshairi mkuu wa Wagiriki, anasimulia safari ya Odysseus akirudi kwao kutoka vita vya Troya. Kwanza ilimpasa kuwapita Sirens, waliowavuta mabaharia kwa nyimbo tamu hata wakafa. Aliwaziba wenzake masikio kwa nta, na mwenyewe akafungwa kwa kamba kwenye mlingoti. Kisha akafika mlango mwembamba wa bahari wenye mazimwi mawili. Upande mmoja, katika pango la mwamba, alikaa Scylla, mwenye miguu 12 na vichwa 6, na katika kila kichwa safu 3 za meno. Upande wa pili alikaa Charybdis, aliyeyameza maji ya bahari na kuyatapika mara tatu kwa siku. Odysseus alipita karibu na Scylla, kwa kuwa ni afadhali kupoteza watu sita kuliko kupoteza chombo kizima. Scylla akanyakua sita, mmoja kwa kila kichwa, nao wakamlilia bwana wao kwa jina lake huku wakining'inia hewani.

Nchi kavu nako walikuwa na Hydra, nyoka wa kinamasi cha Lerna, karibu na mji wa Argos. Shujaa Heracles alipokata kichwa kimoja, viliota viwili mahali pake, mpaka Iolaus, mwana wa ndugu yake, alipoyachoma makovu kwa moto.

Je, Wagiriki wote waliyasadiki hayo kama yalivyo? La. Wenyewe walianza kuuliza. Thucydides, mwandishi wa historia wa karne ya 5 kabla ya Kristo, aliandika ya kwamba Charybdis ni ule mlango wa bahari kati ya Rhegium na Messina, katika nchi iitwayo leo Italia, ambapo bahari mbili hukutana na maji hukimbia kwa nguvu. Palaephatus naye alisema ya kwamba wale watu-farasi walioitwa Centaurs hawakuwako kamwe; walikuwa vijana wa kwanza kupanda farasi, na watu waliowaona kwa mbali walidhani mtu na mnyama ni mwili mmoja. Hata Hydra alifumbuliwa: Servius, mwalimu wa Kirumi, alieleza ya kuwa palikuwa chemchemi nyingi, na ukiziba moja maji hububujika kwingine. Basi ndani ya kila zimwi walitafuta kiini cha kweli, kama mtu abanguaye karanga.

Na sisi tubangue za kwetu. Charybdis wa Tanganyika ni upepo wa kusi. Wakati wa kiangazi huvuma kutoka kusini na kuinua mawimbi makubwa, na chombo kilichojazwa kupita kiasi hakina nafasi ya kujiokoa. Mwezi wa Desemba 2014 meli Mutambala ilizama katika ziwa hili, upande wa Katanga, na watu zaidi ya 100 wakafa. Wakuu wa serikali walitaja sababu mbili: upepo mkali na mzigo uliozidi. Hapakutajwa zimwi.

Nyoka wa majini yupo kweli. Ni aina ya swila akaaye katika ziwa hili, mrefu hata kupita meta 2. Lakini chakula chake ni samaki, naye ni mwoga, hana haja na mtu. Yupo pia kambare wa umeme, ambaye akiguswa hutikisa mkono wa mvuvi kwa nguvu isiyoonekana. Mtu asiyejua habari zake atasema nini, ila kwamba maji yana pepo?

Scylla wetu ni mamba. Tazameni jinsi zimwi linavyozaliwa hata katika siku zetu. Kaskazini ya ziwa, penye mdomo wa mto Rusizi, alijulikana mamba mmoja mkubwa mno, ambaye Mfaransa Patrice Faye alimpa jina la Gustave. Alikadiriwa kuwa na urefu wa meta 6. Faye na wenzake walimtegea mtego wa chuma, asiingie, na mwaka 2004 ilitoka filamu juu ya habari hiyo. Basi sifa zake zikavimba: wengine walisema amekula watu 300, wengine kwamba risasi hazimpati. Mamba alikuwa wa kweli. Hesabu ilikuwa ya midomo.

Sasa tufike kwa Mamba Muntu, maana hapa ndipo penye jambo zito. Sura yake si moja. Wachoraji wa Katanga, katika miaka ya 1970, walimchora mwanamke mzuri mwenye nywele ndefu na mkia wa samaki, na picha hizo zikatundikwa katika vyumba vya wageni. Yafaa tukumbuke ya kuwa Sirens nao walibadilika: katika vyombo vya kale vya Wagiriki ni ndege wenye vichwa vya wanawake, na mkia wa samaki walivikwa baadaye katika Ulaya. Huyu wa kwetu, wasema, humpa mtu mali kwa masharti ya siri. Wengine humsimulia kama mamba hasa, aliyefugwa na mchawi na kutumwa kumkamata fulani.

Hiyo ndiyo tofauti tuliyoitaja. Scylla hakuwa na mwenyewe. Odysseus alipopoteza watu wake sita, hakugeuka ndani ya merikebu kumtafuta aliyemtuma. Lakini zimwi la kwetu limepewa bwana, na bwana huyo hutafutwa kijijini. Mtoto akichukuliwa na mamba penye kuteka maji, kabla matanga hayajaondolewa husikika neno: “Nani amemtuma?” Na kidole huelekea wapi? Mara nyingi kwa kikongwe asiye na mume wala mtoto wa kumtetea. Jambo hili si mchezo. Mwezi wa Septemba 2021 ilitangazwa ya kwamba wanawake 8 wameuawa katika Kivu ya Kusini kwa kusingiziwa uchawi. Hakuna mamba aliyewagusa; waliuawa na watu.

Hatusemi hadithi zitupwe. Mtoto aliyetishwa kwa Mamba Muntu asiende peke yake mtoni jioni amelindwa kwa hekima ya wazee, kama vile baharia wa Kigiriki alivyoonywa kwa jina la Charybdis. Hadithi ikimlinda mtoto, ni mlinzi. Ikimwua bibi, imekuwa zimwi lenyewe.

Basi, enyi wazazi, wasimulieni watoto, kisha wafundisheni na kiini chake: kutazama mbingu kabla ya kusukuma mtumbwi, kutopakia kupita kiasi, kutooga wala kuteka maji penye mamba. Na msiba ukitokea kwa jirani, twende kulia naye, tukauzuie ulimi usimtafute wa kulaumiwa. Zimwi likujualo, walisema wahenga, halikuli likakwisha. Sisi twaongeza: na zimwi ulijualo kwa kweli yake halikutumi kumla mwenzako.